Hundi Iliyorudi na Saa Mbili za Sheria

Neno hundi tulilipata kwa wafanyabiashara wa Kihindi, ambao walikuwa wakiandikiana hati za ahadi ya malipo karne nyingi kabla benki za Mwingereza hazijafika kwao. Ndiyo maana, ninapofundisha historia ya sheria za biashara, huwapeleka wanafunzi wangu India kulitazama swali moja: mtu akiandika hundi isiyo na fedha, apewe siku ngapi kabla hajaitwa mhalifu?

Sheria ya Hati za Malipo ya India, iliyotungwa na serikali ya kikoloni mwaka 1881, haikumwita mhalifu kabisa. Hundi ikirudi, mdai alifungua kesi ya madai, au alijaribu kuthibitisha ulaghai. Njia hii ya pili ilikuwa nyembamba, kwa sababu ilimpasa aonyeshe kwamba mdaiwa alikuwa na nia mbaya tangu alipoishika kalamu. Mdaiwa mjanja alijitetea tu kwamba alitarajia fedha zingeingia.

Mwaka 1988 Bunge la India lilibadili mambo. Kuanzia tarehe 1 Aprili 1989, kifungu kipya cha 138 kilifanya hundi iliyokataliwa kwa upungufu wa fedha kuwa kosa la jinai, lenye kifungo cha hadi mwaka mmoja, au faini ya hadi mara mbili ya kiasi cha hundi, au vyote viwili. Hata hivyo, Bunge halikumkabidhi mdai rungu hilo bila masharti. Hundi ilipaswa kupelekwa benki ndani ya miezi sita. Ikikataliwa, mdai alikuwa na siku 15 za kumpelekea mwandikaji notisi ya maandishi. Mwandikaji, akiisha kuipokea, alikuwa na siku 15 za kulipa. Asipolipa, mdai alikuwa na mwezi mmoja tu wa kufika mahakamani.

Naomba msomaji aitafakari hatua ya tatu. Benki kuikataa hundi hakutoshi kulikamilisha kosa. Kosa hukamilika siku 15 zinapopita baada ya notisi bila malipo. Wahenga walisema dawa ya deni ni kulipa, na sheria hii, kwa ukali wake wote, iliacha mlango wa dawa hiyo wazi hadi dakika ya mwisho.

Lakini siku zikishawekwa, mawakili huanza kuzihesabu. Mwaka 1999 Mahakama ya Juu ya India iliulizwa iwapo siku ambayo haki ya kushitaki inazaliwa huhesabiwa ndani ya mwezi ule mmoja. Ikajibu kwamba haihesabiwi, na shauri lililofunguliwa tarehe 15 Novemba 1995 likanusurika kwa siku moja. Mwaka huohuo, katika shauri jingine, mdai alikuwa ametuma notisi kwa faksi, kisha akaituma tena kwa posta. Mahakama ikaamua kwamba saa ilianza kukimbia faksi ilipopokelewa. Mdai aliyehesabu kuanzia barua ya posta akajikuta amechelewa. Yaani haraka yake ya kutuma faksi ndiyo iliyomponza.

Bunge liliona ugumu huo. Marekebisho ya mwaka 2002, yaliyoanza kutumika Februari 2003, yaliongeza muda wa kupeleka notisi hadi siku 30, yakaipa mahakama uwezo wa kumpokea aliyechelewa kwa sababu ya kuridhisha, na yakapandisha kifungo hadi miaka miwili. Kwa upande mwingine, Benki Kuu ya India ilipunguza uhai wa hundi kutoka miezi sita hadi mitatu, kuanzia Aprili 2012.

Marekebisho hayohayo ya 2002 yaliweka pia muda kwa upande wa mahakama: ijitahidi kumaliza kesi ndani ya miezi sita tangu kufunguliwa. Hapa ndipo hoja yangu ilipo. Mdai akichelewa bila sababu ya kuridhisha, shauri lake hufa. Mahakama ikichelewa, hakuna kinachokufa isipokuwa subira ya watu. Kufikia mwisho wa mwaka 2019, kati ya kesi za jinai milioni 23.1 zilizokuwa zikisubiri India, zaidi ya milioni 3.5 zilikuwa za hundi.

Siupingi ukomo wa muda. Bila huo, mdai angeweza kuificha hundi kuukuu sandukuni na kumtishia nayo mwenzake maisha yote. Lakini sheria yenye saa mbili, moja ya chuma kwa raia na nyingine ya nta kwa dola, humfundisha mdaiwa somo baya: kwamba ikishindikana kulipa, heri kuburuzana mahakamani. Muuza duka mdogo aliyetoa bidhaa kwa kuiamini hundi haokolewi na hukumu inayofika baada ya duka lake kufungwa. Nchi yoyote inayofikiri kulifanya deni kuwa jinai ingefanya vyema kujiuliza kwanza kama mahakama zake ziko tayari kuhesabiwa siku kama wanavyohesabiwa wananchi.