Kamba na Swali: Historia Fupi ya Kutibu Tabia Ngumu, Kutoka Ufuko wa Mweru

Kafutuma, katika ufuko wa Ziwa Mweru wilayani Nchelenge, jirani yetu alikuwa na mtoto wa kiume aliyezaliwa na ulemavu wa akili. Hakuwa akisema. Kila asubuhi mama yake alipokwenda kuanika chisense, alimfunga kamba kiunoni na kuifungia kwenye mwembe. Hakumfunga kwa chuki. Ziwa lilikuwa hatua chache tu, na kijana alipenda kuingia majini. Jioni alijipiga kichwa hadi kikavimba, na watu wakasema, "Ndivyo alivyo." Insha hii inauliza maneno hayo yalipata wapi nguvu, na ni nani waliyakataa.

Kwa "tabia ngumu" ninamaanisha kujiumiza, kupiga wengine, kuvunja vitu na kutoroka, hasa kwa watu wenye ulemavu wa akili au usonji.

Wakati wa ukoloni, jibu la serikali lilikuwa kumwondoa mtu. Kenya kulikuwa na Mathari tangu 1910, na Tanganyika ikapata Mirembe, Dodoma, mwaka 1927. Rhodesia ya Kaskazini iliwapeleka watu wake Ingutsheni, Bulawayo, hospitali iliyofunguliwa 1908. Kutoka Nchelenge hadi Lusaka peke yake ni kama kilomita 1,000, na Bulawayo iko mbele zaidi, ng'ambo ya Zambezi. Mtu asiyeweza kujieleza alitenganishwa na wale wachache waliozoea kumwelewa. Chainama Hills ilifunguliwa Lusaka mwaka 1962 tu, miaka miwili kabla ya uhuru.

Sheria nayo ilifunga mlango. Sheria ya Matatizo ya Akili ya 1949 iliwagawa watu katika madaraja kwa maneno yaliyokuwa yametumika katika sheria ya Uingereza ya 1913, maneno ambayo kwa Kiswahili ni sawa na "zuzu" na "punguani". Pia iliweka ugonjwa wa akili na ulemavu wa akili katika kapu moja. Tofauti yake ni kubwa. Ugonjwa unaweza kuja na kuondoka. Ulemavu wa akili mtu huishi nao, na anachohitaji zaidi ni kufundishwa na kusaidiwa.

Mwaka huohuo wa 1949, nchini Marekani, Paul Fuller alichapisha jaribio dogo. Kijana wa miaka 18, ambaye ilidhaniwa hawezi kujifunza lolote, alipewa maziwa ya sukari kila alipoinua mkono wa kulia. Baada ya muda mfupi aliuinua mara nyingi zaidi. Kwa hiyo, wakati sheria yetu ilipokuwa ikiandika jina la mtu asiyefundishika, tayari kulikuwa na ushahidi kwamba mtu huyo hufundishika.

Hata hivyo, njia haikunyooka. Miaka ya 1950 ilileta kloropromazini, dawa iliyotuliza wadi nzima. Miaka ya 1960 baadhi ya wataalamu wa Marekani walitumia hata mshtuko wa umeme ili kuzuia watoto wasijiumize. Dawa na adhabu zilikuwa na lengo moja: tabia ikome. Mwaka 1977 Edward Carr aliuliza swali jingine: mtu anajiumiza kwa sababu gani? Mwaka 1982 Brian Iwata na wenzake waliwachunguza watu tisa waliokuwa wakijiumiza, wakabadilisha mazingira yao hatua kwa hatua. Wapo waliojipiga ili kukwepa kazi, na wapo waliotaka kuangaliwa. Tabia iliyofanana ilikuwa na sababu tofauti. Mwaka 1985 Carr na Mark Durand walionyesha kwamba mtoto akifundishwa njia nyingine ya kuomba msaada au kuangaliwa, tabia ngumu hupungua. Tena, utafiti wa 2008 kwa watu wazima 86 wenye ukali ulionyesha kwamba dawa za haloperido na risperidoni hazikushinda kidonge kitupu.

Mtu anaweza kupinga: hayo ni ya nchi zenye wataalamu. Ni kweli kwa sehemu. Kuchunguza sababu kunahitaji daftari, subira na mtu anayemjua mhusika, na hayo Kafutuma yapo. Kisichokuwepo ni mkono wa pili. Mama aliyefunga kamba alikuwa na samaki wa kuanika na hakuwa na wa kumwachia mtoto. Elimu bila msaidizi haitaifungua kamba hiyo.

Zambia imeanza kufuta urithi wa 1949. Iliridhia Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa Haki za Watu Wenye Ulemavu mwaka 2010, ikatunga Sheria ya Watu Wenye Ulemavu mwaka 2012. Oktoba 2017, baada ya raia watatu kufungua kesi, Mahakama Kuu ilitamka kwamba kifungu cha 5, chenye yale madaraja, kinapingana na Katiba. Sheria ya Afya ya Akili ya 2019 ikafuta ile ya zamani yote. Majina yamefutwa, lakini sheria mpya haimpi mama mkono wa pili.

Nihitimishe kwa jambo ambalo sisi watoto tulilijua. Kijana yule alianza kujipiga pale mashine ya kusaga ilipowashwa jioni. Siku mashine ilipoharibika, alikaa kimya akichezea nyavu. Tulicheka na kusema anaogopa mashine. Hatukuona kwamba tulikuwa na jibu, kwa kuwa hakuna mtu mzima aliyetuuliza swali. Historia niliyoieleza ni ya watu waliochelewa kuuliza. Sisi tunaosoma leo hatuna kisingizio hicho.