Ngoja Ngoja ya Serikali

Si mnakumbuka ile wiki TV zilizimwa? Kama ulikuwa bado mdogo, uliza wakubwa nyumbani. Ilikuwa 30 Januari 2018, siku Raila aliapishwa Uhuru Park kama "rais wa wananchi". Serikali ikazima Citizen, NTV na KTN. 1 Februari korti ikatoa amri: washeni. Watu wakadhani jioni hiyo wataona habari. Wapi! NTV na KTN zilianza kurudi tarehe 5, Citizen tarehe 8. Wiki nzima baada ya amri.

Sasa serikali inaweza kukwambia, "Si tuliwasha?" Ndiyo, mliwasha. Lakini ile wiki wananchi walihitaji habari zaidi ilishapita, na hakuna jaji anaweza kuirudisha. Hapo ndipo nataka tuelewane leo. Mkubwa wa serikali hahitaji kusema "sitaki". Anachelewa tu, na kile korti ilikuwa inalinda kinaisha polepole.

Miezi hiyo hiyo kulikuwa na Miguna Miguna. Polisi walimkamata, korti ikaamuru aachiliwe, lakini 6 Februari akajikuta kwa ndege ya kwenda Canada. Alirudi 26 Machi, akazuiliwa hapo JKIA. Jaji George Odunga akaamuru aachiliwe. Badala yake akasafirishwa tena, safari hii Dubai. Jaji akawapata Waziri Fred Matiang'i, Inspekta Jenerali Joseph Boinnet na mkuu wa uhamiaji Gordon Kihalangwa na hatia ya kudharau korti, akawatoza faini ya shilingi 200,000 kila mmoja, ikatwe kwa mshahara. Umpende Miguna ama umchukie, hiyo ni shauri yako. Alikanyaga Kenya tena Oktoba 2022. Miaka minne na zaidi, yaani mtu anaingia chuo kikuu na kumaliza digrii.

Na kuna wakati hii ngoja ngoja iliandikwa kabisa kwa sheria. Sheria ya Kudharau Mahakama ya 2016 ilisema kabla hujamshtaki mkubwa wa serikali kwa kukaidi amri, kwanza apewe notisi ya siku 30. Hebu fikiria, ndugu yako ako seli, korti imesema atoke, halafu wewe unahesabu siku 30. Novemba 2018 Jaji Chacha Mwita aliitupa hiyo sheria yote kwa sababu ilienda kinyume na Katiba.

Wengine watasema jaji hawezi kumgusa waziri, ati ni kuingilia kazi ya serikali. Hiyo hoja ni ya zamani na ilishashindwa, hata kwa wale walituletea hizi korti. Mwaka wa 1991 huko Uingereza, mwalimu mmoja aliyeomba hifadhi alirudishwa Zaire kwa ndege. Jaji akaamuru aletwe tena. Waziri Kenneth Baker akaamua hataletwa. Mwaka wa 1993 majaji wa ngazi ya juu kabisa kule wakasema waziri anaweza kupatikana na hatia ya kudharau korti.

Tuje karibu. 19 Agosti 2024, wanaume watatu walitekwa Kitengela. Korti ikamwita Kaimu Inspekta Jenerali Gilbert Masengeli aje aeleze wako wapi. Aliitwa mara saba, hakuja. 13 Septemba Jaji Lawrence Mugambi akamhukumu kifungo cha miezi sita, lakini akampa siku saba ajitokeze. Siku chache baadaye Jaji Mkuu Martha Koome akasema jaji huyo ameondolewa walinzi. 20 Septemba Masengeli akaja, akaomba msamaha, kifungo kikafutwa. Na siku hiyo hiyo wale watatu wakapatikana wakiwa hai. Baada ya siku 32.

Mimi sijui nani aliamua nini usiku huo. Lakini naona kalenda. Barua kwa "ofisi" hazikumtoa mtu nyumbani. Kilichomtoa ni jina lake kuwekwa kando ya neno jela.

Kwa hivyo amri ya korti iwe na vitu viwili: jina la mtu na saa. Si "serikali itatekeleza", bali fulani atekeleze kufikia saa kumi jioni. Na asipotii, alipe yeye, si mlipa ushuru.

Wewe ukikaidi amri ya korti, hakuna mtu atakubembeleza mara saba. Wahenga walisema ngoja ngoja huumiza matumbo. Hii ya serikali inaumiza tumbo la yule ako ndani akingoja mlango ufunguliwe. Na ukitekwa, huyo ni wewe.