Shule ya Wodini: Hospitali ya Makadara, Mombasa

Mtu akizidiwa usiku katika Mji wa Kale wa Mombasa, jamaa zake humwambia dereva wa tuktuk awapeleke Makadara, na dereva haendi Makadara. Uwanja wa Makadara uko papo hapo jirani, ule ambao watoto hupanda pembea siku za Idi. Dereva hushika njia ya Tononoka kuelekea upande wa daraja la Nyali, mpaka kwenye majengo ya hospitali kuu ya serikali. Hospitali hiyo ilihama uwanja wake wa zamani katika miaka ya 1950, na wakazi wa kisiwa wakaendelea kuiita kwa jina walilolizoea. Kibao cha langoni kimebadilishwa zaidi ya mara moja. Siku hizi kinaitaja kuwa hospitali ya rufaa na mafunzo ya Pwani. Kutajwa kwa mafunzo kibaoni ni jambo la juzi, lakini wodi zake zilikuwa darasa zamani sana, kabla Kenya haijawa na chuo cha kufundisha madaktari.

Mombasa ilikuwa na tiba yake kabla ya hospitali yoyote. Mgonjwa alipigwa chuku, akanyweshwa kombe, akafukizwa, au akanunuliwa mitishamba na dawa za Kihindi madukani. Uzazi ulikuwa wa wakunga, wanawake wa mtaani waliorithi kazi kwa mama na bibi zao. Mwaka 1891, Wazungu wa kisiwani walianzishiwa hospitali yao. Hospitali hiyo ingalipo jirani na Ngome ya Yesu, inaitwa Mombasa Hospital, na huendeshwa na chama kisichogawana faida. Miaka mingi iliitwa Katherine Bibby. Lakini wakati ule, mchukuzi wa bandarini au mvuvi wa Mji wa Kale hakuwa na njia ya kuingia humo.

Reli ndiyo iliyoleta wagonjwa wengi kuliko mji ulivyoweza kuwabeba. Ujenzi ulianza Mombasa mwaka 1896, na hadi kazi kumalizika, vibarua wapatao 32,000 walikuwa wameletwa kutoka India. Kati yao 2,493 walikufa, na wengine zaidi ya 6,000 walirudishwa kwao wakiwa hawajiwezi tena kwa kazi. Malaria, kuhara na vidonda vya miguu viliua na kulemaza watu wengi mno kuliko wale simba wa Tsavo wanaosimuliwa kila siku. Hesabu hiyo ni ya Wahindi peke yao. Waafrika waliokufa kandokando ya njia hiyo hawakuandikwa kwa uangalifu kama huo.

Mwanzoni mwa karne ya 20, serikali ya kikoloni ikafungua hospitali ya wenyeji pale Makadara. Kwa miongo mingi iliyofuata, mji ulikuwa na milango mitatu ya matibabu, na rangi ya mtu ndiyo iliyoamua aingie upi. Wazungu walikuwa na hospitali yao kando ya bahari. Waafrika na Waswahili walikwenda ya serikali. Wahindi, waliokuwa na mali lakini hawana mlango wa Wazungu, wakajijengea wenyewe. Hospitali ya Aga Khan ilifunguliwa mwaka 1944 na Pandya Memorial mwaka 1947, hii ya pili ikipewa jina la J. B. Pandya, mfanyabiashara na mwanasiasa mashuhuri wa Mombasa. Zote mbili zipo hadi leo. Waliozianzisha wanastahili heshima, maana walitoa mali zao kuziba pengo ambalo serikali ililiacha kwa makusudi. Kosa lilikuwa la utawala uliopanga vitanda kwa kabila na rangi.

Nani basi alihudumu katika hospitali ya maskini? Daktari Mzungu alikuwa mmoja au wawili, na kazi ya kutwa ilikuwa mikononi mwa madresa. Hao walikuwa vijana wa Kiafrika waliochukuliwa wakijua kusoma na kuandika kidogo, wakafundishwa palepale penye mgonjwa. Dresa alichemsha sindano, akasafisha kidonda na kukifunga, akagawa kwinini, akajaza daftari la waliolazwa, na akamfasiria daktari ambaye hakuelewa mgonjwa anaumwa wapi. Hakukuwa na shahada wala joho. Aliyeonyesha akili alipewa kazi ngumu zaidi, na aliyekuja nyuma yake akajifunza kwake.

Kijana wa Mombasa aliyetaka kuwa daktari kamili ilimbidi avuke nchi nzima kwenda Uganda, ambako Makerere ilianza kufundisha utabibu katika hospitali ya Mulago mwaka 1924. Chuo Kikuu cha Nairobi kilifungua shule yake ya udaktari mwaka 1967, miaka minne baada ya uhuru. Kwa hiyo katika sehemu kubwa ya maisha yake, hospitali hii ilifundisha watu ambao hawakuhesabiwa kuwa wanafunzi wa chuo chochote.

Mafunzo yaliyougusa Mji wa Kale kwa karibu zaidi yalikuwa ya uzazi. Gavana Edward Grigg alitawala Kenya kuanzia 1925 hadi 1930, na mkewe, Lady Grigg, akaanzisha jumuiya ya kusaidia akina mama na watoto wachanga. Nairobi ilipata nyumba ya kujifungulia Pumwani, na Mombasa nayo ikapata ya kwake, iliyobaki na jina la bibi huyo. Humo walifundishwa wakunga. Katika nyumba nyingi za Mji wa Kale, mwanamke wa heshima alikaa ndani, na kumwita daktari mwanamume achungulie uzazi wake lilikuwa jambo lisilosemeka. Mkunga aliyefundishwa usafi wa mikono, kukata kitovu kwa chombo kilichochemshwa na kutambua mapema uzazi uliokwama aliweza kupita mlango ambao daktari hakuweza. Ni haki kusema kwamba wakunga hao waliisogeza hospitali karibu na watu kuliko jengo lolote lililowekwa jiwe la msingi.

Uhuru ulifuta milango ya rangi. Mwaka 1965 serikali mpya iliondoa ada kwa wagonjwa wa nje, na foleni ya Makadara ikarefuka. Mwishoni mwa 1989 malipo yakarudishwa kwa jina la kuchangia gharama, wakati Kenya ikibanwa na masharti ya wakopeshaji wa nje. Aliyekosa pesa ya kadi alirudi kwa mganga au alirudi nyumbani.

Ukimwi ulienea hali ikiwa hivyo. Tangu 1993, watafiti wa vyuo vikuu vya Nairobi na Washington walifuatilia afya ya wanawake waliofanya biashara ya ngono, katika kliniki ya Ganjoni. Mwaka 2003 ulianza utafiti mwingine uliohusu dawa za kupunguza makali, wakati dawa hizo ndiyo kwanza zinafika hospitali za umma. Wagonjwa 234 waliandikishwa katika vituo vitatu: hospitali kuu, Port Reitz na kliniki ya Bomu, tawi la kliniki ya hisani ya Mkomani. Nusu yao walifika kituoni mara mbili kwa wiki, kwa muda wa wiki 24, wakameza dawa mbele ya muuguzi na kuhesabiwa vidonge vyao. Katika wiki hizo walishika dawa vizuri zaidi kuliko wenzao. Usimamizi ulipokwisha, tofauti ikatoweka. Hapo wauguzi walijifunza kwamba mgonjwa hupewa dawa mara moja, lakini msaada wa kuimeza hauna siku ya kukoma.

Juni 2013, serikali ilitangaza uzazi wa bure katika hospitali za umma. Mwaka uo huo ugatuzi ukaikabidhi hospitali hii kwa Kaunti ya Mombasa. Wagonjwa waliendelea kuletwa kutoka Kwale, Kilifi, Taita Taveta, Tana River na Lamu, kwa hiyo kaunti moja ikawa imebeba mzigo wa sita. Serikali kuu iliwahi kutoa ruzuku maalumu kwa hospitali za ngazi hii, lakini ruzuku haikuwahi kumaliza uhaba wa vitanda wala wa wataalamu.

Aliyeumia pamoja na mgonjwa ni mwanafunzi. Madaktari wa umma walipogoma kwa siku 100, kuanzia Desemba 2016 hadi Machi 2017, mafunzo ya wodini nayo yalisimama kote nchini, kwa sababu daktari ndiye mwalimu. Hakuna kitabu kinachoweza kumfundisha mkunga mchanga namna ya kugeuza bega la mtoto lililokwama. Hilo hufundishwa na mkono uliokwisha kulifanya, ukiwa juu ya mkono unaolifanya kwa mara ya kwanza, na hospitali inayonyimwa wauguzi wakongwe hunyimwa pia wauguzi wa miaka 20 ijayo. Wanafunzi wa chuo cha mafunzo ya tiba cha Mombasa bado wanaingia wodi hizo kila siku wakiwa na sare zao, wengi zaidi kuliko walimu waliopo wa kuwaongoza.