Injini ya roketi na kipimajoto kilichodanganya

Leo tuweke kando kidogo mambo ya simu na mtandao, tuangalie mashine ambayo mimi huiona kama darasa zima la uandishi wa programu. Ni RS-25, injini inayoisukuma SLS, roketi kubwa ya NASA iliyoundwa kurudisha watu Mwezini. Wengi hudhani kila kitu katika roketi hiyo ni kipya. La hasha! Kampuni ya Rocketdyne ilipewa kazi ya kuibuni injini hii mwaka 1971.

Ilianza kuruka tarehe 12 Aprili 1981, ikiwa kwenye Columbia. Kila Space Shuttle ilikuwa na injini tatu za namna hii, zikichoma haidrojeni na oksijeni zilizopozwa hadi zikawa majimaji. Haidrojeni hiyo ina baridi ya nyuzi 253 chini ya sifuri. Hapo karibu tu, ndani ya chumba cha kuchomea, joto linafika nyuzi 3,300 hivi. Pampu ya haidrojeni nayo huzunguka zaidi ya mara 34,000 kwa dakika. Kitu kikikwama hapo, hakuna wakati wa kuitisha mkutano.

Ndiyo sababu kila injini ilifungiwa tarakilishi yake yenyewe. Tarakilishi hiyo ilikuwa na sehemu mbili, moja ikifa nyingine inashika usukani, na iliikagua injini kama mara 50 kwa sekunde. Vipimo vikivuka kiwango kilichowekwa, programu huizima injini kabla haijalipuka. Wazo zuri, sivyo?

Basi tarehe 29 Julai 1985 Challenger ikaruka na watu 7, safari ya STS-51-F. Baada ya dakika 5 na sekunde 45, injini ya katikati ikazimika. Programu ilikuwa imesoma kwamba pampu ya haidrojeni ina joto la kupindukia. Kumbe pampu ilikuwa nzima! Vipimajoto vyake viwili ndivyo vilivyoharibika. Programu ilitii kanuni iliyopewa, neno kwa neno.

Chombo kikaendelea kupanda kwa injini mbili. Muda mfupi baadaye, kwenye injini ya kulia, kipimajoto kimoja kikawa kimeharibika na cha pili kikaanza kuonyesha joto linalopanda kuelekea kiwango cha kuzimia. Injini ya pili ingezimika, chombo kisingefika kwenye mzingo wake, na uhai wa watu wale 7 ungekuwa hatarini.

Huko Houston, aliyekuwa akifuatilia injini ni mhandisi Jenny Howard. Alishauri wanaanga waizuie programu kuzima injini kwa sababu ya vipimo hivyo, nao wakafanya hivyo. Injini ikaendelea kuunguruma. Challenger ikafika kwenye mzingo wa chini kuliko uliopangwa, ikafanya kazi yake ya utafiti kwa karibu siku 8, ikatua salama tarehe 6 Agosti. Katika safari zote 135 za Space Shuttle, hiyo ndiyo mara pekee injini kuu ilizimika njiani kuelekea angani.

Mimi napenda kisa hiki kwa sababu ya hesabu iliyomo. Vipimajoto viwili vya aina moja si mashahidi wawili. Vikiwa na udhaifu mmoja, vitadanganya pamoja, na programu itahesabu kura mbili za uongo kama ukweli. Sisi tunaoandika programu za benki au za hospitali tunafanya hivyo kila siku: tunaweka seva mbili zenye kasoro ileile, kisha tunalala usingizi mnono.

Space Shuttle zilipostaafu mwaka 2011, NASA ilibaki na injini 16. Wahenga walisema usiache mbachao kwa msala upitao. Injini zikapewa tarakilishi mpya, ambayo ilianza kujaribiwa huko Stennis, Mississippi, mwaka 2015. Tarehe 16 Novemba 2022, nne kati yake ziliirusha Artemis I. Moja, E2045, ilikuwa imeruka mara 12 na Space Shuttle. Ziliwaka kwa dakika 8 hivi bila matatizo, kisha zikaanguka baharini Pasifiki pamoja na sehemu kuu ya roketi. Injini iliyoundwa irudi nyumbani kila safari, sasa hutumika kwenye SLS mara moja tu. Inauma kidogo.

Lakini swali la 1985 halikuzama nazo. Programu yako ikisema zima, na mtu anayeielewa mashine aseme subiri, nani asikilizwe? Mimi nasema wekeni swichi ile, na mhakikishe aliyekaa karibu nayo anaijua mashine vizuri. Wewe je?