Je, Gécamines ni Dola? Kesi ya Jersey ya 2012

Katika miji ya migodi ya Katanga, Likasi na viwanda vyake vya Shituru ikiwemo, kampuni iliitwa baba na mama. Wito huo ulizaliwa zama za Union Minière, iliyoundwa 1906, ukarithiwa na Gécamines baada ya utaifishaji wa 1967. Kitabu cha Dibwe dia Mwembu cha 2001 kimekwisha kueleza jinsi wana walivyoachwa na baba huyo. Sisi tunakusudia kutazama swali lililofika mahakamani: je, baba huyo na Dola ni nafsi moja?

Chanzo cha deni hakikuwa shaba, bali umeme. Katika miaka ya 1980 Energoinvest ya Yugoslavia iliipa Zaïre na shirika la SNEL mkopo kwa ajili ya mitambo ya umeme wa maji na njia za msongo mkubwa. Mkopo haukulipwa. Mwaka 2003 wasuluhishi wa kimataifa waliipa Energoinvest haki, na mwaka 2004 dai likauzwa kwa FG Hemisphere ya Marekani, mmojawapo wa wale wanunuzi wa madeni mabovu wanaofananishwa na tai. Pamoja na riba, lilikuja kupita dola milioni 100.

Huko Hong Kong Hemisphere ilishindwa mwaka 2011, kwa kuwa wakati huo China ilishika kinga kamili ya dola. Jersey ikawa mambo mengine. Hapo ilisajiliwa GTL, ambayo ilikuwa ikichakata lundo la mabaki ya madini la Lubumbashi na ambayo ilikuwa ikiilipa Gécamines bei yake. Mdai alitaka fedha hizo zikamatwe, akidai kwamba Gécamines ni kiungo tu cha Dola. Mahakama mbili za Jersey zilikubali.

Tarehe 17 Julai 2012, Baraza la Faragha la London, ambalo ndilo rufaa ya mwisho ya kisiwa hicho, lilitengua hukumu hizo. Kumilikiwa na Dola, hata kuingiliwa nayo, hakutoshi: shirika lenye mali na hesabu zake hubaki nafsi pekee, ila mambo ya wawili hao yawe yamechanganyika hata yasitenganishike. Msamiati wetu hausaidii hapa, maana “shirika la umma” hutaja mwenye mali bila kutaja nafsi.

Kwa maoni yetu hukumu ilikuwa ya haki. Lau ingekuwa kinyume, wadai wa Gécamines yenyewe, wafanyakazi wakiwa miongoni mwao, wangelipia nyaya ambazo kampuni haikuzikopea. Lakini upanga huo hukata pande mbili. Zaidi ya watu 10,000 waliondoka Gécamines mwaka 2003 na 2004, kwa mpango uliogharamiwa na Benki ya Dunia, na wengi walilalamika kwamba hawakupewa stahili zao zote. Kwa mantiki ile ile ya London, malimbikizo hayo ni deni la kampuni. Aliyekuwa na dai Likasi hawezi kuligeuzia Dola kwa sababu tu Dola ndiyo mwenye kampuni.