Kuruka, kuvuka, kupisha

Mtangazaji akisema mwanariadha “ameruka 2.30”, msikilizaji ana haki ya kuuliza: ameruka vipi? Kuruka ni kuchupa. Kuruka pia ni kuacha kitu bila kukigusa, kama msomaji arukavyo ukurasa. Katika mchezo wa kuruka juu maana hizo mbili zinagongana, kwa sababu kanuni zinamruhusu mshindani kukiacha kimo fulani asikijaribu, atunze nguvu hadi ufito upandishwe.

Karatasi ya mwamuzi haina utata huo. Ina duara, msalaba na kistari, nasi tuna vitenzi vya kutosha kuzisoma alama hizo. Duara ni kuvuka. Msalaba ni kukosa, mara nyingi kwa kuangusha ufito. Kistari ni kupisha, neno ninalolipenda mno kwa adabu yake: mwanariadha amekipa kimo njia kipite. Jina la mchezo libaki kuruka juu; limezoeleka shuleni na halimchanganyi mtu.

Ufito nao usiitwe mtambaapanya, kama wanavyofanya wengine wakiazima kwa wapenzi wa soka. Mtambaapanya wa goli umefungwa. Ufito umelazwa tu juu ya vishikizo viwili, na ukitikisika usianguke, mruko ni halali. Na ule mtindo ambao Dick Fosbury aliuonyesha ulimwengu Mexico City mwaka 1968, akavuka 2.24 na kutwaa dhahabu ya Olimpiki, Kiswahili kilikuwa na neno lake kabla yeye hajazaliwa: kichalichali.

Kwa maneno hayo machache tunaweza kuisimulia safari ya Mutaz Essa Barshim wa Qatar. Mwaka 2014, Brussels, alivuka 2.43; katika historia ni Javier Sotomayor wa Cuba pekee aliyepanda zaidi, 2.45, tangu 1993. Mwaka 2018 Barshim aliumia kifundo cha mguu nchini Hungaria akijaribu 2.46. Mwaka uliofuata, mbele ya watu wa kwao Doha, alivuka 2.37 akawa bingwa wa dunia kwa mara ya pili. Ya tatu ilikuja Eugene mwaka 2022.

Kati ya hizo mbili kuna Olimpiki ya Tokyo, Agosti 2021, na hapo istilahi zetu zinapungua. Barshim na Gianmarco Tamberi wa Italia walikuwa hawajakosa hata mara moja hadi 2.37. Kwenye 2.39 kila mmoja alikosa mara tatu. Wangeweza kuendelea kwa mruko wa kuamua. Wakakubaliana kutouruka, na kila mmoja akapata dhahabu. Magazeti yaliandika “sare”. Sare ni ya timu mbili zilizoshindwa kufungana, kila moja ikaondoka na pointi yake. Hawa walikuwa washindi wenza, na ningependa neno hilo likae.

Paris, mwaka 2024, Barshim alipata shaba, huku Hamish Kerr wa New Zealand na Shelby McEwen wa Marekani wakichagua mruko wa kuamua. Katika mruko huo kanuni inageuka: wote wakikosa, ufito unateremshwa. Uliteremshwa hadi 2.34, McEwen akakosa, Kerr akavuka.