Kutoka Bahasha za Mkomani: Historia Fupi ya KENET

Kila andiko kuhusu Mtandao wa Elimu wa Kenya, KENET, huanzia Nairobi mwaka 1999. Wenzangu wa Nairobi wataniwia radhi. Wamenipa kazi hii nikiwa mstaafu wa Likoni, Mombasa, na mzee wa Likoni hawezi kusimulia jambo bila kuvuka maji kwanza. Nitaanzia Mkomani, upande wa Kisauni, miaka 10 kabla ya KENET kuzaliwa.

Pale Mkomani ndipo ilipo Taasisi ya Utafiti wa Bahari na Uvuvi ya Kenya, KMFRI, iliyoundwa mwaka 1979. Mwaka 1989 mradi uitwao RECOSCIX-WIO ulipata makao hapo, chini ya Tume ya Bahari ya UNESCO na kwa msaada wa Ubelgiji. Jina lilikuwa la kuvunja ulimi, lakini kazi ilikuwa nyepesi kuieleza. Mtafiti wa Zanzibar, Maputo au Ushelisheli akitaka makala ya jarida asilokuwa nalo, aliandika Mombasa. Mombasa walitafuta katika maktaba za ukanda wetu, na ikikosekana waliagiza Ubelgiji, chuo kikuu cha Limburg kule Diepenbeek. Nakala ilitolewa, ikatiwa bahasha, ikapanda ndege. Mbelgiji Peter Pissierssens aliisimamia kazi hiyo, na jarida lao dogo, WINDOW, likawa linazunguka kutoka Comoro hadi Bukini kama salamu za jamaa. Hakukuwa na faiba wala setilaiti, lakini taasisi zilizotawanyika pwani nzima zilikuwa zimekwisha kuzoea kuulizana na kupeana bila kupelekeana ankara. Kwangu mimi huo ulikuwa mtandao tayari. Kompyuta zilikuja kuukuta.

Baruapepe ilitufikia kwa modemu, ikilia kama jogoo aliyekabwa koo. Ujumbe ulilimbikizwa mchana kutwa, kisha ukatumwa kwa mkupuo mmoja, maana simu ya masafa ilikuwa ghali. Intaneti kamili iliingia Kenya Oktoba 1995, kupitia kituo cha ARCC cha Nairobi. Wakati huo nilikuwa karani wa maktaba katika chuo kimoja ng'ambo ya Likoni, chuo kisichokuwa na laini ya maana. Kila Ijumaa nilivuka kwenda mjini, katika ofisi ya rafiki mwenye modemu, nikapakua barua za walimu kwenye disketi na kurudi nazo jioni.

Ijumaa moja, ndani ya MV Nyayo, ndoo ya mama karanga, muuza samaki, ilipinduka, maji ya ngisi yakaingia mkobani mwangu. Disketi ilikuwa na makala ambazo mhadhiri wetu alizingoja muhula mzima. Mama yule aliona uso wangu, akavua leso yake ya pili na kuifuta disketi pole pole kama anayemfuta mtoto pua. Tuliianika dirishani hadi Jumatatu. Ikafunguka, faili zote. Mhadhiri alisema chumba kizima kilinuka ngisi, lakini alisoma.

Sasa mwaka 1999. Vyuo vikuu vya Kenya, vya umma na vya binafsi, viliungana na wadau wengine kuunda KENET, amana moja isiyotafuta faida ya kuvinunulia intaneti kwa pamoja, kwa msaada wa Marekani kupitia USAID. Vyuo vilivyokuwa vikigombania wanafunzi na wahadhiri viliketi meza moja! Hesabu yenyewe ilikuwa ya chama cha akina mama: gunia la mchele likinunuliwa kwa pamoja, kila nyumba hupata vibaba vingi kuliko anayekwenda dukani peke yake. Na mchele wa siku hizo ulikuwa ghali kweli kweli. Megabiti moja kwa setilaiti ilikwenda kwa maelfu ya dola kila mwezi, na chuo kizima kingeweza kugawana kiasi ambacho leo kijana mmoja wa Changamwe hukimaliza kwa kutazama mpira. Mwaka 2002 KENET ikapata leseni, ikatambulika kisheria. Anwani za vyuo zinazoishia kwa .ac.ke nazo zikawa chini ya uangalizi wake, na katika ramani ya intaneti duniani ikaja kujulikana kwa namba 36914. Mafundi wake huitaja namba hiyo kama mtu anavyotaja ukoo.

Msaada wa mwanzo ulikuwa na mwisho wake, na ulipofika mwisho ikapita miaka ya kukaza mkanda. Hakuna masika yasiyokuwa na mbu, sitakaa hapo. Itoshe kusema kwamba Profesa Meoli Kashorda, mhandisi aliyetoka chuo cha USIU, alishika usukani, na chombo kikaendelea. Yeye na Profesa Timothy Waema wa Chuo Kikuu cha Nairobi walipima vyuo kwa takwimu kuona viko tayari kiasi gani kwa teknolojia. Nadhani wakuu kadhaa hawakupenda sura walizoziona katika kioo hicho. Fedha za Benki ya Dunia, kupitia serikali, baadaye zilisaidia kuvipunguzia vyuo bei.

Juni 2009 Rais Mwai Kibaki alikuja Mombasa kuipokea TEAMS, kebo ya baharini kutoka Fujairah, na Julai 23 kebo nyingine, SEACOM, ikawashwa. Ya tatu, EASSy, ikafuata mwaka 2010. Dunia nzima ilikuwa inapandia ufuko wetu, halafu inakwea kwenda Nairobi. Chuo chetu kilisubiri faiba yake muda mrefu baadaye, nami nikaendelea kuvuka na feri, mara hii nikiwa na flashi mfukoni.

Yaliyobaki nayataja tu. Katika nusu ya pili ya 2005 KENET na wenzake wa Malawi, Msumbiji, Rwanda na Afrika Kusini walianzisha UbuntuNet, muungano wa mitandao yao ya elimu. Mwaka 2011 mradi wa AfricaConnect wa kuunganisha mitandao ya namna hiyo ulianza, kwa fedha za Umoja wa Ulaya. Februari 2012 nanga ya meli iliyosubiri kuingia bandarini ilikata TEAMS. Mwaka 2013 Chuo Kikuu cha Pwani na Chuo Kikuu cha Kiufundi cha Mombasa vilipata hati zao. Eduroam, huduma ya Wi-Fi ya pamoja ya vyuo, ikaja, mtafiti wa Mkomani akafungua kompyuta Ulaya kwa nywila ile ile ya nyumbani. Machi 2020 vyuo vilifungwa kwa korona, masomo yakahamia mtandaoni, na KENET ilivisaidia vyuo kuendesha madarasa hayo. Mei 2024 EASSy na SEACOM zilikatika kwa pamoja, mtandao ukajikokota siku kadhaa.

Ombi langu ni moja. Aliye na nakala za WINDOW, picha za ofisi ile ya Mkomani, au disketi ya siku zile kabatini, azipeleke maktaba ya chuo kilicho karibu naye kabla mchwa hawajazifikia. Disketi yangu ya ngisi ninayo bado, na nitaipeleka mwenyewe.